Mikono Huru, Miguu Kifungoni

Ukilitaja jina la Oscar Robertson mbele ya wapenzi wa mpira wa kikapu, utajibiwa papo hapo kwa hesabu tatu: pointi 30.8, ribaundi 12.5 na pasi za kufunga 11.4. Huo ndio ulikuwa wastani wake wa kila mechi katika msimu wa 1961–62 wa ligi ya NBA, alipokuwa gadi wa Cincinnati Royals mwenye umri wa miaka 23. Ilipita miaka 55 kabla ya mchezaji mwingine, naye gadi, Russell Westbrook wa Oklahoma City, kumaliza msimu akiwa na wastani wa kufikia 10 au zaidi katika mambo yote matatu. Sifa hiyo ni ya haki, lakini imeifunika nyingine iliyo nzito zaidi. Jina hilohilo limeandikwa juu ya jalada la kesi iliyofunguliwa New York mwezi Aprili 1970, Robertson dhidi ya NBA, na kesi hiyo ndiyo iliyobadilisha maana ya kuwa mchezaji wa kulipwa. Hoja ya makala haya ni kwamba sifa hizo mbili ni historia moja, historia ya nani anaamua. Kazi ya gadi ilikua kwa kukabidhiwa maamuzi uwanjani hatua kwa hatua, hadi mchezo mzima ukategemea kichwa chake. Lakini kwa miaka 30 ya mwanzo ya ligi, mtu huyohuyo hakuwa na kauli juu ya mji atakaoishi, timu atakayoitumikia wala bei ya jasho lake. Robertson alisimama mahali ambapo pengo hilo lilikuwa pana kuliko wakati wowote, na ndiyo maana takwimu peke yake hazitoshi kumweleza.

Jina la kazi lenyewe linaonyesha ilikoanzia. James Naismith alipobuni mchezo huu mjini Springfield, Massachusetts, Desemba 1891, gadi alikuwa mlinzi tu, kama neno la Kiingereza linavyosema. Wanafunzi 18 waligawanywa tisa kwa tisa, na wale wa nyuma kazi yao ilikuwa kukizuia kikapu cha kuvunia matunda kilichotundikwa kwenye roshani ya ukumbi. Sheria 13 za mwanzo zilikataza kukimbia na mpira. Aliyeudaka alitakiwa aurushe kutoka palepale alipoudakia. Kuudunda mpira huku ukienda nao ni ujanja wa wachezaji uliokuja baadaye. Hata hapo gadi aliendelea kuwa mtu wa kando, kwa sababu kila kikapu kilipofungwa mpira ulirudishwa katikati na kurushwa juu baina ya wawili, na timu yenye mtu mrefu ikaupata tena. Desturi hiyo ilipofutwa katika vyuo mwaka 1937, timu iliyofungwa ikawa ndiyo inayoanza na mpira kutoka mwisho wa upande wake. Likazuka swali ambalo mchezo haukuwahi kuwa nalo: nani aupeleke mpira mbele, na akifika aamue nini? Jibu likawa ni mlinzi, kwa kuwa tayari alikuwa nyuma. Kazi tunayoijua leo haikuzaliwa na kipaji cha mtu mmoja. Ilizaliwa na nafasi iliyoachwa wazi na sheria.

Aliyeijaza nafasi hiyo mbele ya macho ya watu wengi ni Bob Cousy, mtoto wa wahamiaji kutoka Ufaransa, aliyezaliwa New York mwaka 1928. Utotoni alivunjika mkono wa kulia, akajizoeza kuudunda mpira kwa wa kushoto, na mikono yote miwili ikawa sawa kwake. Mwaka 1950 timu iliyokuwa na haki juu yake, Chicago Stags, ilivunjika kabla hajaichezea. Majina ya wachezaji watatu yakatiwa kwenye kofia, wamiliki wa timu tatu wakachomoa, na Walter Brown wa Boston akabaki na karatasi ya Cousy, mchezaji ambaye Boston haikuwa imemtaka. Mtu ambaye angekuja kuufundisha mchezo huu maana ya uamuzi alipelekwa kazini kwa bahati nasibu. Huko Boston alionyesha jinsi gadi anavyoweza kuitawala saa yenyewe. Wakati huo hakukuwa na kikomo cha muda wa kushambulia. Timu iliyoongoza ilimpa gadi hodari mpira auzungushe, na wapinzani hawakuwa na dawa ila kumchezea rafu. Machi 1953, katika mechi ya mtoano dhidi ya Syracuse iliyoongezwa muda mara nne, Cousy alifunga pointi 50, na 30 kati ya hizo zilitokana na mitupo ya adhabu. Mwaka uliofuata Danny Biasone, mmiliki wa Syracuse, akaleta dawa. Mechi ina sekunde 2,880. Mechi ya kupendeza, aliona, ina mitupo kama 120 ya timu zote mbili. Basi kila shambulizi lipewe sekunde 24. Kwa msimu mmoja wastani wa kila timu ulipanda kutoka pointi 79.5 hadi 93.1. Kwa gadi, badiliko hilo lilikuwa kubwa kuliko idadi ya pointi. Hakutakiwa tena kuficha mpira. Alitakiwa, ndani ya pumzi chache, asome wachezaji tisa wengine, achague mmoja, na asikosee.

Mwaka huohuo wa 1954, gadi huyohuyo aliwaandikia barua wachezaji wenye heshima katika kila timu akiwataka waunde chama. Madai yake yanatuonyesha hali ya kazi ilivyokuwa. Alitaka wachezaji wa Baltimore, timu iliyokuwa imekufa, walipwe mishahara waliyodai. Alitaka mechi za maonyesho zipunguzwe. Alitaka ifutwe faini ya dola 15 ambayo mwamuzi aliweza kumtoza mchezaji kwa kunong'ona tu. Wamiliki walivuta muda hadi 1957 ndipo wakakitambua chama, baada ya wachezaji kutishia kujiunga na vyama vikubwa vya wafanyakazi. Hayo hayakuwa madai ya watu waliolewa umaarufu. Yalikuwa madai ya mafundi wanaojua thamani ya ufundi wao na kuona kwamba hawana pa kuisemea. Nahodha wa jahazi anaweza kujua kila upepo wa kaskazi na kusi, akalifikisha salama bandarini, na bado asiwe na ubao mmoja wa jahazi hilo. Lakini hata nahodha, safari ikiisha, alikuwa huru kutafuta jahazi jingine. Mchezaji wa NBA hakuwa na uhuru huo.

Kifungo chenyewe kilikuwa na kamba tatu. Ya kwanza ni uchaguzi wa wachezaji wapya: timu ilimchagua kijana anayetoka chuoni, na hakuna timu nyingine ya ligi iliyoruhusiwa kuzungumza naye. Ya pili ni haki ya eneo, iliyoiruhusu timu kumchukua mchezaji wa chuo cha jirani kabla ya uchaguzi kuanza, ili watu wa mji waje kumtazama. Ya tatu, na ndiyo iliyokaza zaidi, ni kifungu cha mkataba kilichoipa timu haki ya kumfunga mchezaji kwa mwaka mwingine mkataba unapoisha, na wamiliki walikitumia kana kwamba mwaka huo hauna mwisho. Mkataba ukiisha mchezaji alikuwa na njia mbili, kukubali alichopewa au kuacha kucheza. Timu iliweza kumuuza, kumbadilisha au kumfukuza. Yeye hakuweza kuondoka. Na uzito wa kamba hizo haukupungua hata mtu alipostaafu. Cousy aliacha kucheza mwaka 1963. Mwaka 1969, akiwa kocha wa Cincinnati, alitaka kurudi uwanjani kwa mechi chache akiwa na umri wa miaka 41. Boston ilisema haki juu yake bado ni yake, na Cincinnati ililazimika kuipa mchezaji mwingine kama fidia. Miaka sita baada ya kutundika viatu, gadi aliyeipa Boston vikombe 6 alikuwa bado ni mali iliyoandikwa kwenye daftari.

Oscar Robertson aliijua hali ya kufungiwa njia kabla hajaujua mkataba. Alizaliwa Tennessee mwaka 1938, akakulia Indianapolis katika mtaa wa watu weusi maskini, akitupa mipira ya tenisi na matambara yaliyofungwa kwa mipira ya kubania ndani ya kikapu cha matunda. Mtoto yeyote aliyewahi kucheza chandimu anaujua mpira wa namna hiyo. Shule yake, Crispus Attucks, ilifunguliwa mwaka 1927 ili wanafunzi weusi watengwe na wazungu, na hadi 1942 shule za weusi hazikuruhusiwa kushiriki mashindano ya jimbo la Indiana. Ukumbi wake ulikuwa mdogo mno kwa mechi kubwa, kwa hiyo timu ilizoea kucheza ugenini. Mwaka 1955, chini ya kocha Ray Crowe, Attucks ilitwaa ubingwa wa jimbo, shule ya kwanza ya watu weusi watupu kufanya hivyo katika mashindano ya wazi ya jimbo lolote nchini Marekani. Mabingwa wa kila mwaka walikuwa na desturi ya kusherehekea katikati ya mji. Attucks walizungushwa pale mara moja, kisha wakaelekezwa kwenye bustani iliyo upande wa weusi. Mwaka 1956 walitwaa tena bila kufungwa hata mechi moja. Kijana wa miaka 17 alikuwa amejifunza kwamba unaweza kushinda kila kitu ndani ya mistari ya uwanja na bado mwingine akakuamulia utasherehekea wapi.

Chuo Kikuu cha Cincinnati kilimwongezea somo hilo. Aliongoza vyuo vyote vya Marekani kwa ufungaji misimu mitatu mfululizo, na huko Houston hoteli waliyofikia wenzake ilimkataa, akalazwa kwenye bweni la chuo cha watu weusi. Mwaka 1960 alirudi na medali ya dhahabu ya Olimpiki kutoka Roma, na timu ya Royals ikamchukua kwa haki ya eneo. Mchezaji bora wa vyuo hakuulizwa kama angependa New York, Los Angeles au kubaki palepale. Alichofanya Royals kinastahili kuangaliwa kwa jicho la fundi. Alikuwa na urefu wa karibu mita 1.96 katika nafasi iliyozoeleka kuchezwa na watu wafupi, na hakuutumia urefu huo kwa mbwembwe. Alimgeuzia mlinzi mgongo, akamsukuma taratibu hatua kwa hatua kuelekea kikapu, macho yakiwa kwa wenzake. Walipomjia wawili, mpira ulikuwa umekwisha kufika kwa aliyeachwa peke yake. Asipojiwa, aliuinua juu nyuma ya kichwa na kuurusha mahali ambapo mkono wa mlinzi haufiki. Hakuna kitu katika mchezo huo kilichokuwa cha haraka kupita kiasi. Kilichokuwapo ni uchaguzi sahihi uliorudiwa mara nyingi mno, na zile hesabu tatu za 1961–62 ni kumbukumbu ya uchaguzi huo. Ribaundi aliziendea mwenyewe ili shambulizi lianzie mikononi mwake bila kumngoja mtu.

Januari 1964 uwezo huo wa kuamua ulitoka nje ya mistari ya uwanja. Wachezaji bora wa ligi walikusanyika Boston kwa mechi ya nyota, iliyopangwa kuonyeshwa na televisheni ya ABC wakati ligi ina njaa ya kuonekana. Kwa miaka mingi chama kilikuwa kimeomba pensheni na kupewa ahadi. Jioni hiyo wachezaji, wakiongozwa na rais wa chama, Tommy Heinsohn, walijifungia katika chumba cha kubadilishia nguo wakasema hawatoki hadi pensheni ikubaliwe. Mmiliki wa Lakers aliwatumia nyota wake vitisho, hawakutikisika. Saa ikaenda, televisheni ikangoja, na Walter Kennedy, mkuu wa ligi, akaja mlangoni kutoa neno lake. Walitoka wakacheza, na Robertson akatangazwa mchezaji bora wa mechi. Mwaka uliofuata alichaguliwa rais wa chama, cheo alichokishika hadi alipostaafu mwaka 1974. Mtu mweusi, katika miaka ileile sheria za ubaguzi zilipokuwa zikivunjwa, alikuwa msemaji wa wafanyakazi wa ligi ya kitaifa, weusi kwa weupe.

Ugumu wa mambo ulionekana wazi msimu wa 1969–70. Kocha mpya wa Royals alikuwa Cousy. Mwanzilishi wa chama na rais wa chama wakawa chini ya paa moja, na timu ikaamua kumwondoa Robertson baada ya misimu 10. Robertson alikuwa mmoja wa wachache mno waliofanikiwa kuingiza katika mkataba wao haki ya kukataa kupelekwa wasikotaka. Aliikataa timu ya Baltimore, ambayo si ile iliyokufa zamani, kisha akaikubali Milwaukee mwezi Aprili 1970. Mwezi huohuo kesi ilifunguliwa, ikiwa na majina ya wachezaji 14, timu 14 za ligi kila moja na mwakilishi wake, miongoni mwao John Havlicek, Wes Unseld na Bill Bradley, aliyekuja kuwa seneta. Si haki kumfanya Cousy msaliti katika kisa hiki. Alikuwa kocha aliyetaka kuijenga timu upya, na utaratibu uliokuwapo ulimfanya yeyote aliyekaa kiti hicho awe mshika minyororo. Robertson naye, ambaye tayari alikuwa na ile haki ya kukataa, hakuwa na sababu ya kushtaki kwa ajili ya nafsi yake. Alidai kwa ajili ya wote kile alichokipata kwa nguvu ya jina lake. Huko Milwaukee, akiwa pamoja na kijana mrefu ambaye sasa tunamjua kwa jina la Kareem Abdul-Jabbar, alitwaa ubingwa wa 1971 kwa kuifunga Baltimore mechi nne bila jibu.

Kiini cha kesi kilikuwa sheria ya Marekani inayokataza wafanyabiashara kula njama za kuua ushindani. Tangu 1967 kulikuwa na ligi ya pili, ABA, iliyowagombea wachezaji na kupandisha mishahara. Wamiliki wa ligi zote mbili walitaka kuungana, na wachezaji waliona wazi kwamba mnunuzi akibaki mmoja, bei ataipanga yeye. Mahakama ilizuia muungano huo kesi ikiendelea; wamiliki walipokimbilia Bunge kuomba msamaha wa sheria kama ule uliopewa ligi ya futiboli ya Kimarekani mwaka 1966, Robertson alikwenda kutoa ushahidi mbele ya kamati ya Seneti. Haikuwa njia yenye uhakika. Curt Flood, mchezaji wa besiboli aliyefungua kesi ya namna hiyohiyo mwaka 1970, alishindwa katika Mahakama Kuu ya Marekani mwaka 1972. Kesi ya Robertson iliangukia mikononi mwa jaji Robert Carter, ambaye enzi za uwakili wake alikuwa miongoni mwa waliosimama katika kesi ya 1954 iliyoharamisha shule za ubaguzi, shule za namna ileile ya Crispus Attucks. Mwaka 1975 jaji huyo alikataa ombi la ligi la kuitupa kesi. Mwaka 1976 wamiliki wakakubali suluhu: kifungu cha kumfunga mchezaji mkataba ukiisha kikaondolewa, na timu nne za ABA zikaruhusiwa kujiunga na NBA. Robertson alikuwa amekwisha kuacha kucheza miaka miwili nyuma. Hakuwahi kuutumia uhuru huo hata siku moja.

Wapo wanaopinga kwamba neno kifungo ni zito mno kwa watu waliolipwa vizuri kucheza. Mtumikie kafiri upate mradi wako, watasema, na mchezaji wa miaka ile alipata zaidi ya mfanyakazi wa kiwandani. Hoja hii inachanganya kiasi cha mshahara na haki ya kuukataa. Fundi seremala wa kawaida, akipunjwa, hubeba randa na msumeno wake akaenda kwa mwingine. Gadi bora duniani hakuweza. Tena maisha ya kazi ya mchezaji ni mafupi, mara nyingi hayafiki miaka 10, na mwaka mmoja wa kufungiwa ni sehemu kubwa ya riziki yake yote. Wengine wanasema mishahara ilipandishwa na ABA, wala si mahakama. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: ABA kweli iliwaletea wachezaji mnunuzi wa pili. Lakini wamiliki wa ABA haohao ndio waliotaka kuungana na wenzao, na lau si kesi, ushindani huo ungezikwa mapema bila wachezaji kupata chochote. Ligi pinzani iliwapa bei nzuri kwa muda. Kesi ndiyo iliyowapa haki iliyobaki ligi hiyo ilipokufa.

Pingamizi la tatu ni la moyo zaidi na linastahili heshima. Inasemekana uhuru wa wachezaji umeua uaminifu, umezinyima timu za miji midogo nyota wao na kumwacha shabiki akipenda fulana badala ya mtu. Shabiki wa Simba au Yanga anayengoja dirisha la usajili kwa wasiwasi anauelewa uchungu huo. Lakini tuulize ni nani aliyekuwa mwaminifu kabla ya 1976. Fort Wayne ilipoteza timu yake kwenda Detroit mwaka 1957, mwaka uleule Royals ilipoihama Rochester kwenda Cincinnati. Minneapolis ilipoteza Lakers mwaka 1960, Syracuse ikapoteza yake mwaka 1963. Royals yenyewe, baada ya kumwondoa Robertson, iliuhama mji wa Cincinnati mwaka 1972 kuelekea Kansas City. Yote hayo yalitendeka wakati wachezaji wamefungwa kikamilifu. Miji midogo haikuporwa na magadi wenye tamaa. Iliachwa na wamiliki waliokuwa na uhuru ambao wachezaji hawakuwa nao. Kilichobadilika mwaka 1976 ni kwamba haki ya kuondoka haikuwa tena ya upande mmoja.

Iko hoja ya mwisho, nayo inagusa mzizi wa makala haya: je, haya yanahusiana kweli na nafasi ya gadi? Heinsohn aliyeongoza mgomo wa 1964 alikuwa mshambuliaji wa pembeni. Spencer Haywood, aliyeishinda ligi mahakamani mwaka 1971 kuhusu haki ya kuingia NBA kabla ya kumaliza miaka ya chuo, alikuwa mtu wa chini ya kikapu. Ni kweli, na chama ni cha wote. Haisemwi hapa kwamba gadi wana akili au ujasiri kuliko wengine. Kinachosemwa ni kwamba katika kazi yao ukinzani ulikuwa mkali zaidi na haukufichika. Aliye mrefu aliweza kuambiwa kwamba analipwa kwa mwili aliozaliwa nao. Gadi alilipwa kwa kuamua. Ndiyo kazi yenyewe, na hakuna kocha anayeweza kumfanyia ndani ya sekunde 24. Kumwambia mtu huyo kwamba uwanjani ana akili ya kuwaongoza wenzake wanne, lakini hana akili ya kuchagua mwajiri, ni kumwambia jambo lisilosimama. Si ajabu basi kwamba chama kilianzishwa na gadi, kikaongozwa kwa miaka tisa muhimu na gadi, na baadaye kikawachagua gadi wengine kama Isiah Thomas na Chris Paul.

Matunda hayakuja yote kwa mkupuo. Baada ya 1976 timu iliyompoteza mchezaji bado ilidai fidia, kisha ikapewa haki ya kulinganisha dau la mwenzake. Uhuru usio na masharti ulianza mwaka 1988, Tom Chambers alipotoka Seattle kwenda Phoenix bila timu yake ya zamani kupewa kitu. Soka la Ulaya lilifika hapo Desemba 1995 tu, kwa hukumu ya mahakama katika kesi ya mchezaji aitwaye Bosman. Na njia hiyo imepitiwa na watu wengi wasiojua nani aliifyeka. Hasheem Thabeet wa Dar es Salaam, aliyechaguliwa wa pili mwaka 2009, alipelekwa na Memphis kwenda Houston, na Houston wakampeleka Portland. Lakini mwaka 2012, mkataba wake ulipokwisha, alisaini mwenyewe na Oklahoma City. Hakuwa gadi, wala nyota, na hapo ndipo thamani ya haki inapoonekana: inamfikia hata asiyekuwa na jina la kutishia nalo. Mwaka 2016, Chris Paul akiwa rais, wachezaji walikubali kugharimia bima ya afya ya wastaafu wenye miaka mitatu au zaidi ya kucheza. Walioneemeka na kesi walianza kuwalipa deni waliowatangulia.

Rekodi ya Robertson ya mechi 181 alizofikia 10 au zaidi katika mambo matatu ilivunjwa na Westbrook mwezi Mei 2021, na mzee hakupungukiwa na kitu. Rekodi huwekwa ili zivunjwe. Chuo Kikuu cha Cincinnati kilimsimamishia sanamu mwaka 1994, mpira mkononi, na mgeni anaweza kuiona na kupiga picha. Kazi yake nyingine haina picha, kwa kuwa alama yake ni maneno yasiyokuwapo. Kila mkataba wa NBA uliosainiwa tangu 1976 umekosa kifungu kile kilichomfunga mchezaji daima, na kijana anayetia saini leo anapita juu ya nafasi hiyo tupu bila kujua kwamba mtu alitumia miaka sita kuifuta.